Mti, Nguruwe, Farasi: Safari ya Jina la York

Jina langu ni Mwanaidi. Kwenye ratiba ya zamu iliyobandikwa ubavuni mwa friji, katika mgahawa nilipokuwa nikifanya kazi Jumamosi na Jumapili, nilikuwa Mona Heidi. Meneja alilisikia jina langu mara moja tu kwa simu, akaandika alichosikia. Sikumlaumu sana. Masikio yake yalitafuta maneno yanayoyajua, yakampata Mona, yakampata Heidi, yakaridhika. Mimi nilizaliwa Idi pili, na bibi yangu akasema mtoto huyu hana haja ya kutafutiwa jina, kaja nalo. Sasa Idi yote ikapotelea njiani, nikabaki na wanawake wawili wa Kizungu.

Hayo yalinikuta York, kaskazini mwa Uingereza, nilikokwenda kusoma shahada ya pili. Nilikaa wiki kadhaa ndipo nikajua kwamba mji wenyewe ulifanyiwa vilevile, tena na kila aliyepita.

Mama ndiye aliyenianzishia. Kwetu Tanga, eneo la Ngamiani, mitaa mingi ni namba: barabara ya tano, barabara ya kumi na mbili, basi. Labda kwa sababu hiyo Mama ana kiu ya majina yenye maana. Simu ya kwanza, baada ya shikamoo na marahaba, baada ya kuulizwa nimekula nini na je nimevaa soksi, likaja swali.

"Na hiyo Yoki, mwanangu, maana yake nini?"

Nikamwambia nitauliza. Juma lililofuata nikampigia nikiwa na jibu nililolipata kwa mwanafunzi mwenzangu, mzaliwa wa huko huko.

"Mama, nimeambiwa ni makazi ya nguruwe."

Kimya. Kisha: "Astaghfirullah. Na wewe unalala humo?"

Nilicheka, lakini usiku ule nikaanza kusoma. Nguruwe yupo kweli, ila amechelewa kufika. Kabla yake kulikuwa na mti.

Waliokaa kaskazini ile kabla ya Warumi walikuwa Wabritoni, watu wa lugha ya Kiseltiki ambayo mmoja wa wajukuu wake walio hai leo ni Kiwelisi, lugha ya Wales. Wataalamu wa majina wanakadiria kwamba mahali pale walipaita Eburakon. Hapa ndipo Mswahili anaelewa haraka kuliko Mwingereza, maana ile -akon ya mwisho inafanya kazi ya -ni yetu. Chukua mbuyu, tia -ni, unapata Mbuyuni. Mwembeni, Minazini, Mikocheni, Mivinjeni, nchi nzima imejaa miji iliyoanza kwa mtu kuonyesha kidole: pale penye mti ule. Na eburos ulikuwa mti ambao Kiswahili hakina jina lake. Waingereza wanauita yew, nami hapa nitauita myuu nisonge mbele. Waairishi wa kale waliuita ibar, ndugu wa neno hilohilo, na Wawelisi mpaka leo York wanaiita Caerefrog, kwa hiyo ukiwasikiliza wao unasikia jina la zamani likiwa bado linapumua.

Nilipomweleza Mama, alishusha pumzi. "Kumbe ni Mbuyuni tu! Sasa mbona wanajikuza?"

Wapo wanaosema Eburos hakuwa mti bali mtu, mzee fulani mwenye ardhi ambaye huenda naye alipewa jina la mti. Yaani isiwe Mbuyuni, iwe kama Kwaminchi ya kwetu Tanga, kwa fulani. Hoja ina uzito wake, kwa sababu kiambishi kile kilitumika pia kwenye mali za watu. Mimi nimechagua mti, na sababu yangu si ya kitaalamu: mti nimeuona.

Uko kwenye uwanja wa kaburi wa kanisa moja dogo ndani ya kuta za mji. Kwa mbali unaweza kudhani ni giza tu limesimama. Majani yake ni membamba kama sindano butu, ya kijani kinachokaribia weusi, nayo hayapukutiki hata theluji ikianguka. Shina lake ni jekundu-jekundu, limejisokota kama kamba nene za jahazi. Mwezi wa Oktoba huzaa tunda dogo jekundu lililo wazi mbele kama kikombe, na ndani yake mbegu moja inakuchungulia. Nilinyoosha mkono. Mzee aliyekuwa akifagia majani akaniambia niliache: majani ni sumu, mbegu ni sumu, ng'ombe akila anaanguka. Nyama ile nyekundu peke yake ndiyo haina neno, na ndege wanaijua siri hiyo, wanakula nyama na kuipitisha mbegu nzima. Mbao zake ndizo zilizotengenezewa pinde ndefu za vita vya Waingereza, na myuu wa aina hizi umewapa madaktari dawa za kupigana na saratani. Mti wa sumu, wa vita na wa tiba, unaoishi zaidi ya miaka 1,000. Ningekuwa Mbritoni ningeonyesha kidole hapohapo.

Mwaka 71 wakaja Warumi. Kikosi chao cha Tisa kilijenga ngome penye makutano ya mito Ouse na Foss, na badala ya kubuni jina wakachukua la wenyeji, wakalivalisha mkia wa Kilatini: Eboracum. Hawakuuliza habari za mti. Kwa Kilatini ebur ni pembe ya ndovu, kwa hiyo askari aliyetoka Hispania au Italia angeweza kuishi pale miaka 20 akisikia pembe katika jina ambalo halikuwa na pembe yoyote.

Mji ukakua. Kaizari Septimius Severus, mzaliwa wa Leptis Magna, Libya ya leo, alifia Eboracum mwaka 211. Mwaka 306 akafia palepale Constantius, na askari wakamtangaza mwanawe Constantine kuwa kaizari bila kungoja Roma iseme. Kuna sanamu yake nje ya kanisa kuu, ameketi ametulia, na watalii humpandia miguuni kupiga picha.

Lakini aliyenishika mimi si kaizari. Yuko katika jumba la makumbusho la Yorkshire, bustanini, karibu na mto. Mwaka 1901 wachimbaji walikuta jeneza la jiwe eneo la Bootham, na ndani yake mifupa ya mwanamke kijana wa karne ya 4. Alizikwa na bangili nyeusi za jeti, jiwe linalookotwa pwani ya Whitby, pamoja na bangili nyeupe za pembe ya ndovu. Palikuwa na kioo cha kujitazamia, chupa ya bluu, na kipande chembamba cha mfupa kilichokatwa maneno ya Kilatini: SOROR AVE VIVAS IN DEO. Dada, salamu, uishi katika Mungu. Mwaka 2010 watafiti wa Chuo Kikuu cha Reading walichapisha uchunguzi wa fuvu na meno yake, wakaona kuwa yumkini alikuwa na asili ya Afrika ya Kaskazini. Nilisimama mbele ya kabati lile la kioo mpaka mlinzi akanitazama mara mbili. Miezi mitatu nilikuwa sijaitwa dada na mtu yeyote asiyenidai kodi ya chumba.

Sisemi bangili zile zilitoka kwetu. Nasema tu kwamba katika karne ya 1 mfanyabiashara mmoja wa Kigiriki aliandika mwongozo wa safari za Bahari ya Hindi, na alipofika kwenye soko la mwisho la pwani yetu, Rhapta, alitaja pembe za ndovu kwa wingi. Karne iliyofuata mwanajiografia Klaudio Ptolemaio, huko Misri, alipanga majina ya dunia aliyoijua kwa digrii za ramani. Rhapta imo. Eborakon nayo imo. Wasomi bado wanagombania Rhapta ilikuwa wapi hasa, wengi wanaitafuta pwani ya Tanzania. Mji wa myuu ulipata bahati, haukusogea. Jina ndilo lililosogea.

Warumi waliondoka mwanzoni mwa karne ya 5. Wakaja Waangli na wenzao kutoka upande wa Ujerumani na Denmark ya leo, wakiwa na lugha iliyokuja kuwa Kiingereza. Kufikia wakati huo wenyeji walikuwa wameilainisha b ya jina lao, ikawa kama v, kitu cha Evorog hivi. Mgeni akasikia evor. Kwao eofor, ambayo f yake ya katikati hutamkwa v, ni nguruwe mwitu. Basi! Ameshaelewa. Akaongeza wic, neno walilolikopa kwa Warumi wenyewe likiwa na maana ya makazi, hasa ya biashara, lile lile lililoganda kwenye Norwich na Ipswich. Eoforwic. Uchimbaji wa miaka ya 1980 eneo la Fishergate ulifukua makazi yao ya biashara, nje kidogo ya ngome ya Kirumi. Nguruwe wangu, yule aliyemkosesha Mama usingizi, aliingia mjini hivyo, kwa mlango wa sikio.

Wala haikuwa dharau. Watu hao walimheshimu nguruwe mwitu kama sisi tunavyomheshimu chui kwenye methali na ngoma. Mwaka 1848 ilifukuliwa kofia ya vita huko Benty Grange, mkoa wa Derbyshire, ikiwa na kinyago cha nguruwe juu ya utosi. Ukivaa hiyo hakuna anayekucheka.

Tarehe 1 Novemba 866, Waviking, mabaharia wa vita kutoka Skandinavia, waliingia. Walikuja na Kinorse chao, nao wakasikia walichosikia. Eofor-wic ikawa Jórvík. Vík kwao ni ghuba. Jór ni farasi, tena wa kwenye mashairi. Ukilisoma jina hilo kama Mnorse unapata Ghuba ya Farasi, katika mji ambao bahari iko mbali karibu saa nzima kwa treni. Hakuna aliyejali. Jina lilishalala vizuri ulimini, na mtu akishalizoea jina haulizi tena ghuba iko wapi. Sisi Bagamoyo tunabishana mpaka leo kama kilichobwagwa ni moyo au ni mzigo, na huku daladala zinajaa na kuondoka.

Wafalme wa Kinorse walikaa, wakaenda, wakarudi, mpaka wa mwisho wao, Eirik, alipofukuzwa mwaka 954. Lakini lugha yao haikufukuzwa, na ukitaka ushahidi tazama vibao vya mitaa. Karibu kila mtaa wa kale wa York unaishia na gate. Mgeni anadhani ni lango. Si lango, ni gata, neno la Kinorse la njia au mtaa. Malango ya ukuta wanayaita bar: Micklegate Bar, Monk Bar. Ndiyo maana wenyeji wana utani wao kwamba York mtaa ni lango, lango ni baa, na baa wanaiita pub. Mimi siku ya kwanza niliambiwa na mtu nimkute Bootham Bar saa kumi na moja, nikakaa naangalia miguu yangu, nikijiuliza nimwambieje kwamba siingii baa.

Mtaa ninaoupenda kuliko yote ni Coppergate. Kwa Kiingereza cha leo copper ni shaba, na nilishapita pale mara nyingi nikifikiria masufuria yanavyogongwa. Wenye fani hii ya majina wana sharti moja, usisome jina lilivyo leo, tafuta lilivyoandikwa zamani kuliko kote. Ukilifuata hilo, shaba inayeyuka. Koppari alikuwa fundi wa vikombe, vikombe na mabakuli ya mti yanayochongwa kwa kuzungushwa kwenye mashine ya mguu. Mtaa wa Wachonga Vikombe. Kati ya 1976 na 1981 wanaakiolojia walichimba hapo kabla ya maduka mapya kujengwa, na kwenye tope lile zito, lisilopitisha hewa, mti haukuoza. Wakakuta viini vya mbao, vile vipande vya katikati vinavyobaki fundi akimaliza kutoa bakuli, vimetupwa uani karne ya 10. Viko ndani ya makabati ya vioo sasa, kila kimoja kama kitumbua kilichokauka, na mikato ya patasi inaonekana. Jina la mtaa lilikuwa limesema kweli miaka 1,000, ila kwa lugha ambayo hakuna aliyebaki kuielewa.

Juu ya shimo hilo ndipo mwaka 1984 ilipofunguliwa Jorvik, maonyesho ambayo unapakiwa kwenye kigari na kupitishwa katika mtaa wa Kiviking, harufu zake zimo. Wanaonyesha pia kinyesi cha mtu kilichogeuka jiwe, urefu wake sentimita 20 hivi, kilichookotwa mwaka 1972 mahali palipojengwa benki. Watoto wa shule husimama hapo kuliko kwenye upanga. Sioni cha kuongeza.

Kuna na mtaa mfupi kuliko yote, hatua thelathini hivi, wenye jina refu kuliko yote: Whip-Ma-Whop-Ma-Gate. Whip ni mjeledi, kwa hiyo waongoza watalii watakusimulia wahalifu walivyochapwa pale, na wengine watasema waliochapwa walikuwa mbwa. Kibao chenyewe kinasema mwaka 1505 uliitwa Whitnourwhatnourgate, kwa maana ya "mtaa gani huu!" Yaani ulikuwa mzaha. Watu waliutazama wakasema, hii nayo ni barabara? Kisha mzaha ukasahaulika, sauti ikabaki bila maana, na sauti isiyo na maana haikai peke yake muda mrefu. Wakaipatia mjeledi.

Baada ya Wanormani, watu wa kaskazini mwa Ufaransa, kuteka nchi mwaka 1066, makarani wao waliandika jina kadiri kalamu ilivyoweza. Kitabu cha kodi cha 1086 kina Euruic. Mdomo nao ukaendelea kutafuna, vi ya katikati ikamezwa, na karne ya 13 ndipo York yenyewe inaanza kuonekana kwenye maandishi. Silabi moja. Mti, mkia wa -ni, makazi, ghuba, vyote vimekunjwa humo kama kanga kwenye begi la mkono.

Likiwa fupi hivyo likaanza kusafiri. Mwaka 1664 Waingereza walipowanyang'anya Waholanzi mji wa New Amsterdam, waliupa jina kwa heshima ya James, mwenye cheo cha Duke wa York, ndugu wa mfalme. Kwa hiyo wale ndugu zetu wanaobeba boksi Nyuyoki, wakitaka, wanaweza kuandika kwenye anwani zao Mbuyuni Mpya. Toronto nayo iliitwa York kuanzia 1793 mpaka 1834, ikachoka, ikarudia jina la wenyeji.

Na lile la Kilatini halikufa. Kila mwezi wa Agosti kuna mashindano ya farasi mjini, na mbio kubwa tangu 1843 inaitwa Ebor: farasi wanakimbia kwa jina la mti, ingawa kuna wakati mji wao ulikuwa na farasi katika jina lenyewe. Halafu kuna askofu mkuu. Askofu Mkuu wa York hatii saini kwa ukoo wake, anaandika Ebor, ufupisho wa Eboracum. Kuanzia 2005 mpaka 2020 kiti hicho kilikaliwa na John Sentamu, mzaliwa wa Uganda, aliyekuwa mwanasheria kwao kabla ya kuikimbia serikali ya Idi Amin. Barua zake zilitoka na saini Sentamu Ebor. Jina la Kiganda na la Kiseltiki bega kwa bega, na wino ukakauka bila tatizo. Hakuna aliyemwandika Sam Tammy.

Siku yangu ya mwisho mgahawani waliniletea keki. Meneja, ambaye kwa kweli alikuwa mtu mwema, alikuwa ameagiza iandikwe kwa sukari ya waridi: KWAHERI MONA HEIDI. Kwaheri waliipatia, herufi kwa herufi, waliitafuta kwenye simu. Nikaipiga picha kabla ya kuikata, nikamtumia Mama, nikamwandikia chini yake kwamba mwaka mzima hawakuweza kulisema jina langu.

Jibu lilikuja kwa sauti. Nilisikia anavyoiweka picha mbali na macho, anavyosoma silabi moja moja kama alivyofundishwa kusoma yeye. "Mo-na. He-i-di." Akanyamaza. Halafu: "Sasa wewe mtoto unalalamika nini? Si hiyo Idi, wameiandika hapo mwishoni?"